Watoto wa kasa wanaijuaje bahari iliko? Nasema ni mwezi, aje wa kunipinga

#1 Mlango_wa_Kusi
Wakuu salaam. Kasa mama anapanda ufukweni usiku, anachimba, anafukia mayai mia na kitu, anarudi zake majini na hana habari nayo tena. Siku kama 55 hadi 60 baadaye watoto wanachomoza mchangani, bahari hawajawahi kuiona, na wanakata moja kwa moja majini. Mzazi hayupo, wa kuwaonyesha njia hayupo.

Msimamo wangu: wanafuata mwezi. Mwezi unapiga maji, maji yanang'aa, wao wanaufuata mng'ao. Mwenye hoja nyingine aje nayo, ila aje na maelezo. Msiniambie "maajabu ya Mungu" halafu mnapotea. Maajabu nayakubali, nataka kujua yanavyofanya kazi.

#2 Kiroboto_II
Na siku za giza wanakaa shimoni wakisubiri mwezi uandame? 😂 Naweka kambi hapa, wajuzi njooni.

#3 Kasa_Uziwa
Mleta uzi, mwezi hapana. Chukua ufukwe wowote wa pwani yetu unaotazama mashariki, mfano ule wa nje wa Kisiwa cha Juani kule Mafia. Mwezi mpevu ukifika saa kumi alfajiri uko magharibi, yaani nyuma ya ufukwe, juu ya miti. Watoto wakitoka saa hiyo wangekuwa wanapanda kichakani. Hawapandi, wanashuka majini kama kawaida. Na siku za giza totoro vilevile.

Wanachosoma ni upeo wa macho, ile sehemu ya chini kabisa ambako anga inakutana na bahari au nchi. Usiku bila taa za watu, upande wa bahari una mwanga zaidi kidogo, kwa sababu maji yanarudisha mwanga wa nyota na anga yake iko wazi hadi chini. Upande wa nchi kuna miti, tuta la mchanga, majani. Vyote vinameza mwanga na kusimama kama ukuta mweusi.

Jambo ambalo wengi hawalijui: jicho la mtoto wa kasa linapima mwanga katika ukanda maalumu. Kwa upana ni mkubwa, karibu nyuzi 180. Kwa kimo ni mwembamba, kuanzia chini kidogo ya upeo hadi kama nyuzi 30 juu yake. Mwezi ukishapanda uko nje ya ukanda huo. Ukiwa chini, bado mwanga wake unapimwa pamoja na upana wote uliobaki, kwa hiyo peke yake haumvuti.

#4 Mzee_wa_Demani
Mnasahau masikio. Mawimbi yanapiga kelele usiku kucha, hata mtu akifumbwa macho anajua bahari iko wapi. Halafu ufukwe una mteremko. Mtoto akiachia miguu tu anateremka. Mbona mnaleta mambo ya nyuzi?

#5 Mwalimu_wa_Fizikia
Mzee, shikamoo. Hoja zako zote mbili zilipimwa zamani. Njia ni rahisi: mfunike mtoto wa kasa macho yote mawili. Mawimbi yanasikika, mteremko upo, lakini anahangaika ovyo, hana mwelekeo. Mfunike jicho moja tu, anazunguka duara, na duara linaelekea upande wa jicho lililo wazi. Mtafiti Parker alikuwa anaandika mambo ya watoto wa kasa kutambaa kuelekea baharini tangu 1922, na Mrosovsky aliyachambua kwa kina miaka ya 60 na 70.

Kule kuzunguka kwa jicho moja kunaeleza utaratibu wenyewe. Ubongo unalinganisha mwanga wa jicho la kushoto na wa kulia, mwili unageuka hadi pande mbili zilingane, kisha unasonga mbele. Jicho moja likizibwa, hesabu hailingani kamwe, ndiyo maana anazunguka.

Mteremko una nafasi yake, lakini ukishindana na macho unashindwa. Ufukwe halisi una mashimo, nyayo, vilima vidogo vya kaa. Mnyama wa sentimita 5 anakutana na mteremko wa kila upande.

#6 Mzee_wa_Demani
Marahaba. Ya macho nimeyasikia. Ya mteremko sijakubali.

#7 Ngamba_Mwamba
Niko Watamu upande huu, na ninamrekebisha #3 mahali pamoja. Umeandika kana kwamba mwanga na ukuta mweusi ni kitu kimoja kinachotazamwa kutoka pande mbili. Ni viashiria viwili. Mwanga unamvuta, umbo refu jeusi linamsukuma. Salmon na wenzake waliviachanisha mwaka 1992 kwenye maabara: upande mmoja wakaweka upeo ulioinuka, mwingine upeo wa chini, kisha wakabadilisha mwanga. Viashiria viwili vilipopingana, watoto wengi walifuata umbo, yaani walikimbia kilichoinuka hata pale upande wa pili ulipokuwa na mwanga hafifu.

Kwa hiyo kwangu mimi wanakimbia nchi kavu zaidi kuliko wanavyoifuata bahari. Sivyo unavyosema wewe.

#8 Kasa_Uziwa
#7 nakubali kuwa ni viwili. Sikubali kwamba umbo ndilo baba wa vyote. Kama umbo lingekuwa linashinda daima, taa moja ya kibarazani isingewapandisha hadi juu kwenye vyumba vya wageni, wakapita katikati ya mikadi na mivinje. Wanapanda. Wanalipuuza umbo jeusi wanafuata balbu.

#9 Ngamba_Mwamba
Balbu ni mwanga usio wa kawaida. Hakuna kitu cha asili kwenye upeo wa usiku chenye ukali huo. Ukimpima mnyama kwa kitu ambacho macho yake hayakuumbwa kukutana nacho, unapima hitilafu.

#10 Kiroboto_II
Walimu wawili darasa moja, wanafunzi tumekaa kimya tunanakili. Endeleeni.

#11 Mtu_wa_Sur
Assalaam alaykum. Huku Oman kasa wa kijani wanataga Ras al-Jinz na Ras al-Hadd, na hifadhi ipo tangu 1996. Ufukwe wa Ras al-Jinz ni ghuba yenye majabali. Maana yake upeo umeinuka nyuma na mbavuni, umefunguka upande wa bahari tu. Mtoto yuko kama ndani ya bakuli lililovunjika ukingo mmoja. Kwa hoja ya #7 pale ni mahali pazuri kuliko pote, maana umbo na mwanga vinasema neno moja.

Wageni hawaruhusiwi tochi nyeupe wala mwanga wa kamera. Mwenye mbweha, kaa na ndege ana maadui wa kutosha.

#12 Bi_Mwani
Mie swali langu. Huku kwetu Unguja upande wa mashariki, maji yakipwa siku za bamvua bahari inakwenda mbali mno, unaona mchanga, mawe, majani na mashamba ya mwani tu. Wimbi liko kule kwenye mwamba. Mtoto akitoka saa hiyo upeo atauona, ila maji yenyewe hayapo. Anafanyaje?

#13 Kasa_Uziwa
Bi Mwani, anaendelea kutambaa kuelekea upeo huohuo, maana uko palepale maji yawe yamejaa au yamepwa. Hatari yake ni muda. Kila dakika ya ziada ni nafasi kwa kaa wa mchangani na kunguru, na kukipambazuka jua linamkausha. Kamba za mwani na chupa za plastiki zinamnasa. Vilevile alama za matairi. Gari likipita mchanga laini linaacha mifereji miwili inayokwenda sambamba na maji. Mtoto akitumbukia humo, kuta za mfereji zinamzibia upeo, anaanza kuufuata mfereji, na mfereji haumfikishi baharini. Shimo alilochimba mtoto wa mtu mchana wakati wa kuogelea lina balaa hilohilo.

#14 Taa_Chini
Fundi umeme nimefika. Naona mnabishana umbo na mwanga, mimi nizungumzie balbu maana ndiko kunakoharibika.

Macho ya kasa yanavutwa zaidi na mwanga wa mawimbi mafupi: urujuani usioonekana na sisi, zambarau, bluu, kijani. Kwa hesabu ya urefu wa wimbi la mwanga ni nanomita 500 kushuka chini. Kuanzia 560 kwenda juu, yaani kaharabu (njano inayoelekea machungwa) na nyekundu, mvuto unashuka sana. Haufi kabisa. Taa nyekundu kali karibu na kiota nayo inavuta.

Kosa kubwa la mahoteli ni balbu za LED zinazouzwa dukani kama "za njano". Kwa macho yetu ni ya njano tulivu, ndani yake bluu imejaa. Jaribu hivi: chukua CD ya zamani, zima taa nyingine zote, elekeza upande unaong'aa kwenye balbu na utazame rangi zinavyojipanga. Ukiona mstari wa bluu, hiyo si taa ya ufukwe. LED ya kaharabu ya kweli inaonyesha machungwa na nyekundu, bluu haipo kabisa. Kuipaka balbu nyeupe rangi ya kucha hakusaidii. Rangi inachubuka kwa joto na mwanga unapenya.

Mpangilio wenyewe:
taa iwe chini, usawa wa goti au kiuno, isiwe juu ya paa wala kwenye mnazi;
iwe na kofia inayomwaga mwanga chini tu, ili balbu isionekane kutoka ufukweni;
rangi iwe kaharabu au nyekundu;
iwe na kihisi cha mwendo, izime yenyewe baada ya dakika moja au chini ya hapo.

Kipimo: nenda usiku wa giza, lala kifudifudi pale kiota kilipo, kidevu mchangani. Ukiiona balbu, au ukuta uliomulikwa na balbu, basi na mtoto anauona. Watu wengi hukagua wakiwa wamesimama, kimo cha mita moja na nusu, ndipo wanapokosea.

#15 Ngamba_Mwamba
#14 asante, hiyo ya kulala kifudifudi naichukua. Nyongeza: duvi, yule kasa mwenye kichwa kikubwa, ana tabia ambayo kasa wa kijani hajaonyesha. Mwanga wa manjano anaukimbia. Witherington na Bjorndal waliliandika hilo mwaka 1991. Kwa hiyo taa iliyo salama kwa duvi haina lazima iwe salama kwa wengine. Vipimo vingi vya taa vimetoka Florida, na huko duvi ndiye mwenye ufukwe. Kwetu Tanzania na Kenya wanaotaga kwa wingi ni kasa wa kijani, wakifuatiwa na ng'amba. Mtu akikuletea taa na cheti cha Florida, muulize walimpima kasa gani.

#16 Mlango_wa_Kusi
Na maghorofa? Kwa hoja ya #7 ghorofa refu nyuma ya ufukwe ni umbo jeusi, linamsukuma mtoto majini. Kwa hiyo tujenge?

#17 Ngamba_Mwamba
Unatania lakini hujakosea sana. Kusini mwa Florida ilionekana kwamba majengo marefu yaliyo giza upande wa bahari yanakinga mwangaza wa mji, na kasa wanataga mbele yake. Sharti ni giza. Dirisha moja lenye taa ghorofa ya tano na pazia wazi linabatilisha kila kitu. Na jengo lenyewe linaleta ukuta wa bahari, ukuta unakula mchanga, mwisho hakuna pa kutagia. Mvinje na mkadi ni nafuu.

#18 Kasa_Uziwa
Mkadi sawa. Mvinje una mizizi inayoingia viotani, na kivuli chake kinapooza mchanga. Usipande juu ya eneo la kutagia, panda nyuma yake.

#19 Mwalimu_wa_Fizikia
Turudi nyuma kidogo. Wote mnaanza mtoto akiwa juu ya mchanga. Kwa nini anatoka usiku? Hilo ni nusu ya jibu la mleta uzi.

Wakishapasua mayai hawachomozi hapohapo. Kiota cha kasa wa kijani chini kabisa ni kama sentimita 70 hadi 80. Wa chini wanapojitikisa, wa juu wanakwangua mchanga wa dari, mchanga unaanguka sakafuni na kundi zima linapanda kama lifti. Inachukua siku 3 hadi 7. Mmoja akizikwa peke yake hana nguvu ya kupanda.

Wakikaribia juu, joto la mchanga ndilo swichi. Mchanga wa juu ukiwa na joto la mchana, wale wa mbele wanalegea, wanatulia, na walio nyuma wanazibwa. Jua likizama mchanga unapoa, wanaamka, wanatoka kwa mkupuo. Mrosovsky aliandika hili mwaka 1968. Ndiyo maana mvua kubwa ya mchana au wingu zito linaweza kuwatoa saa nane mchana. Hawajachanganyikiwa. Wamesoma joto, saa hawana.

#20 Bi_Mwani
Kumbe. Na ndo maana wakifukuliwa kabla ya wakati wanakuwa wazito?

#21 Kasa_Uziwa
Ndiyo, Bi. Wakati wa kupanda wanamalizia kufyonza kiini cha yai kilichobaki tumboni, na hicho ndicho chakula chao cha siku za kwanza baharini. Ukifukua mapema unawatoa kiini kikiwa bado kinaning'inia nje. Kiota kifukuliwe siku 2 hadi 3 baada ya kundi la kwanza kutoka. Hapo unahesabu maganda, mayai yasiyoanguliwa na waliokwama. Wageni wamelipa boti au hawajalipa, siku ni hizo.

#22 Abu_Dagaa
Mimi mchango wangu ni mmoja: nyama yake ni tamu 😋

#23 Mtu_wa_Sur
#22 utani mbaya huo. Pemba Novemba 2021 walikufa watu 7 kwa nyama ya kasa. Machi 2024 Kisiwa Panza wakafa watoto 8 na mtu mzima 1, na wengine 78 wakalazwa. Sumu hiyo haiondoki kwa kuchemsha wala kukaanga, dawa ya kuitengua haipo, na kwa macho huwezi kumjua kasa mwenye sumu na asiye nayo. Na kwa sheria ni marufuku, huko kwenu na huku.

#24 Abu_Dagaa
Nimeelewa shehe. Basi swali la kweli: mtoto akishagusa maji usiku, kichwa kikiwa usawa wa wimbi, upeo hauoni. Nini kinampeleka nje?

#25 Mwalimu_wa_Fizikia
Hapo anabadilisha chombo. Majini anafuata mawimbi, anaogelea kichwa kikiwa kimeyaelekea. Sababu ni ya kifizikia: wimbi likikaribia maji mafupi upande unaogusa chini unapunguza kasi, wimbi zima linapinda, mwisho linafika karibu sambamba na ufukwe hata kama upepo ni wa kusi unaopiga kwa mshazari. Ukilielekea wimbi umeelekea nje.

Halihitaji kuonekana. Walimning'iniza mtoto wa kasa hewani, gizani, kwenye mashine inayomtikisa kama wimbi linavyozungusha kitu majini. Akawa anapiga makasia ya kugeuka kulielekea wimbi ambalo halipo. Kipimo cha kinyume pia kipo: katika siku chache ambapo mawimbi yalitoka upande wa nchi, watoto walioachiwa majini waliyaelekea hayohayo, yaani waliogelea kurudi pwani.

#26 Bi_Mwani
Ndani ya mwamba maji ni kama sinia, hasa maji mafu. Wimbi gani hilo analolisoma?

#27 Mwalimu_wa_Fizikia
Wimbi la kimo cha kiganja linatosha, mnyama ana gramu 25. Pasipo wimbi kabisa, mwanga wa upeo unaendelea kufanya kazi kwa muda.

#28 Ngamba_Mwamba
Na ndipo taa za gati na za boti zinapoingia. Watu wanadhani mtoto akishaingia majini amesalimika. Australia magharibi waliwafunga watoto wa kasa wa kijani vifaa vidogo vya sauti na kuwafuatilia baharini. Penye taa walivutwa, wakachelewa kuondoka kwenye maji mafupi, na samaki wanawinda hapohapo. Abu Dagaa, wewe na karabai zako za dagaa siku za giza ujue hilo.

#29 Abu_Dagaa
Karabai zimekwisha siku nyingi, sasa ni LED na betri ya pikipiki.

#30 Taa_Chini
Nyeupe ya bluu, mbaya zaidi 😅

#31 Kaskazi_Heri
Nimesoma uzi wote nangoja mtu ataje sumaku, hakuna. Kasa wana dira kichwani. Wanaijua mashariki tangu yai. Hayo mengine ni porojo.

#32 Mwalimu_wa_Fizikia
Dira wanayo, ila umeiweka mahali si pake. Angalia visiwa vidogo, Misali au Mnemba: fukwe zinatazama pande tofauti. Mtoto wa ufukwe wa magharibi angekuwa na amri ya "nenda mashariki" tangu yai angekatiza kisiwa kizima. Mchangani hatumii dira.

Dira inaingia akishaacha pwani. Lohmann mwaka 1991 aliwafunga watoto wa duvi kamba laini kwenye beseni kubwa gizani, kuzunguka beseni koili za umeme. Uga wa sumaku ukiwa wa kawaida, waliogelea wastani wa mashariki. Koili zilipogeuza uga, wakageuka. Mwaka 2001 timu hiyo ikawapa uga wa sehemu tatu za ukingo wa Atlantiki: kaskazini mwa Florida, jirani na Ureno, na kusini zaidi. Kila mahali walichukua mwelekeo ambao ungewabakiza ndani ya mkondo mkubwa unaozunguka bahari ile. Hiyo ni zaidi ya dira, ni aina ya ramani.

#33 Kaskazi_Heri
Sasa nani anaiseti dira? Umesema hazaliwi na mashariki.

#34 Ngamba_Mwamba
Hapo kuna kambi tatu. Wa kwanza wanasema mwanga wa upeo: watoto wa duvi kwenye beseni waliowekewa taa ndogo upande mmoja, taa ilipozimwa waliendelea na mwelekeo ule kwa sumaku. Wa pili wanasema wimbi: ukiogelea dhidi yake muda wa kutosha, mwelekeo unahamia kwenye dira. Wa tatu wanasema kutambaa kwenyewe mchangani kunatosha. Mimi niko na wa tatu, ndiyo maana sipendi watoto wabebwe kwa ndoo hadi majini.

#35 Kasa_Uziwa
Niko na wa pili. Mtoto aliyetoka mita 3 kutoka majini anatambaa kidogo mno, na bado anafika kilindini.

#36 Kaskazi_Heri
Na ramani ya Atlantiki inahusu nini kasa wa Mafia?

#37 Mwalimu_wa_Fizikia
Swali zuri. Mkondo wetu wa pwani unakwenda kaskazini mwaka mzima. Wakati wa kusi unaendelea hadi Somalia. Wakati wa kaskazi unakutana na mkondo wa Somalia unaoshuka, unageuka mashariki kuingia bahari kuu. Watoto wa Juni na wa Januari kutoka ufukwe mmoja wanachukuliwa njia tofauti. Duvi wa Florida hana kitu kama hicho, mkondo wake haugeuki na msimu. Ukimchukua mtoto wa huku ukamweka kwenye koili, usitegemee majibu yaleyale.

#38 Mzee_wa_Demani
Mkondo huo kila nahodha wa jahazi anaujua. Sasa mambo ya kazi: mtu akiwakuta wamepanda barabarani saa tano usiku afanye nini? Maana watu wanawatia kwenye ndoo ya maji.

#39 Kasa_Uziwa
Mzee, ndoo iwe kavu. Maji yanawaanzishia kuogelea, na ile fujo ya kuogelea bila kupumzika ni ya takriban saa 24 za mwanzo. Wakiimaliza ndoono wanaingia baharini wamechoka. Tia mchanga wenye unyevu kidole kimoja au viwili chini, funika na kitambaa cheusi, weka pahali baridi. Wahesabu.

Zima taa iliyowavuta, au wapeleke sehemu ya ufukwe uleule iliyo giza. Waachie mita 10 au zaidi kutoka majini, usiku huohuo. Usingoje asubuhi uwaachie mbele ya wageni, kunguru nao ni wageni. Usiachie sehemu moja kila siku, samaki wanajifunza. Watu wote wasimame nyuma ya watoto, si kati yao na maji, na hakuna kunyanyua mguu bila kutazama chini.

Wakizubaa, mtu mmoja aingie maji ya magoti na tochi hafifu, awavute, na azime mara wa kwanza anapogusa maji. Ukiiacha inawaka wanakuzunguka miguuni.

Kama taa haiko mikononi mwako, wekea kiota uzio wa makuti au gunia umbo la U, mdomo wazi baharini, kimo cha nusu mita au zaidi, uchimbiwe kidogo mchangani. Uweke siku ya 45 hivi, kabla hawajaanza kupanda.

#40 Ngamba_Mwamba
Nakubali yote isipokuwa tochi. Unatibu ugonjwa kwa ugonjwa.

#41 Kiroboto_II
Na ile ya mmoja kati ya elfu kufika utu uzima?

#42 Mwalimu_wa_Fizikia
Ni makadirio. Wengine wanasema elfu kumi. Usiibandike kama kipimo cha ufukwe wako.

#43 Kaskazi_Heri
Na joto la nyuzi 29 wanatoka majike matupu, siku hizi madume hakuna.

#44 Kasa_Uziwa
29 ni karibu na nusu kwa nusu. Juu ya hapo majike yanazidi, chini madume. Matupu ni mbele zaidi, kama kaskazini mwa Mwamba Mkuu wa Australia, ambako mwaka 2018 walitangaza zaidi ya asilimia 99 ya wadogo ni majike. Hiyo ianzishiwe uzi wake.

#45 Bi_Mwani
Hebu rudini kwenye kutambaa. Nasikia wakibebwa hawarudi kutaga walikozaliwa.

#46 Ngamba_Mwamba
Kipo kisa kimoja kikubwa, Bi. Kasa wa Kemp, aina nyingine ya kasa: kati ya 1978 na 1988 mayai yalichukuliwa Rancho Nuevo, Meksiko, yakawekwa kwenye mchanga wa Padre Island, Texas. Watoto wakaachwa watambae hadi majini pale Padre, wakaogelea kidogo, wakavuliwa kwa nyavu za mkono na kulelewa Galveston miezi 9 hadi 11. Mwaka 1996 ndipo wa kwanza walithibitishwa kurudi kutaga Texas. Sasa kilichowarudisha ni mchanga, kutambaa, maji, au sumaku ya pale? Walipewa vyote kwa pamoja, huwezi kutenganisha.

#47 Kasa_Uziwa
Mimi nasema sumaku ya pale. Viota vya duvi Florida vinasongamana au kutawanyika kadiri mistari ya usumaku inavyosogeleana au kuachana, ilichapishwa 2015.

#48 Mlango_wa_Kusi
Na mwezi je? Mmenizunguka weee.

#49 Taa_Chini
Mwezi una kazi moja. Mwezi mpevu unaangaza upeo wote, taa za mji zinafifia mbele yake, watoto wanaopotea wanapungua. Siku za giza ndipo wanapotea wengi.

#50 Mlango_wa_Kusi
Kwa hiyo mwezi unawaongoza. Nilisema.

#51 Kasa_Uziwa
Unazima taa zenu, hauongozi.

#52 Bi_Mwani
La mwisho. Asubuhi nikikuta nyayo za watoto, nitajuaje kama walipotezwa na taa au ni kawaida?

#53 Kasa_Uziwa
Fika kabla ya saa kumi na mbili asubuhi, upepo na maji yanayojaa hufuta. Simama kwenye shimo walikotokea na dira. Soma nyuzi za njia ya mwisho kushoto, ya mwisho kulia, na ya mstari mfupi zaidi kufika majini. Tofauti ya kushoto na kulia ni upana wa feni, yaani nyayo zilivyotawanyika: ikiwa nyembamba walijua wanakokwenda. Kisha chukua katikati ya feni, ulinganishe na mstari wa maji: ikipotoka, kuna kitu kiliwavuta wote upande mmoja. Nyembamba lakini imepotoka, tafuta taa moja kali. Pana na mizunguko, upeo wote ulikuwa na mwangaza. Somea pale nyayo zinapokata alama ya maji kujaa.

#54 Ngamba_Mwamba
Zikiwa zimepinda soma mita 5 kutoka kiotani. Ukingoja alama ya maji utapata namba nzuri ya njia mbaya.

#55 Kasa_Uziwa
Mita 5 ni mapema mno, bado wanajipanga.

#56 Ngamba_Mwamba
Basi soma zote mbili, andika zote mbili, tubishane na karatasi mkononi.